Steven Kanumba: kijana wa Shinyanga aliyejulikana hadi kata za Uvira

Mwigizaji, mwandishi na mwongozaji wa filamu Steven Kanumba alifariki usiku wa kuamkia Jumamosi tarehe 7 Aprili 2012 nyumbani kwake Sinza, jijini Dar es Salaam, akiwa na umri wa miaka 28. Alikuwa Mtanzania, na sehemu kubwa ya kazi zake alizifanyia Dar es Salaam. Lakini katika mji wa Uvira, na kando ya barabara yote inayofuata Ziwa Tanganyika kutoka Kavimvira kushuka Makobola hadi Baraka, wale waliokuwa vijana miaka hiyo bado wanamtaja kwa jina moja tu, Kanumba, kama mtu anavyomtaja jirani wa mtaani.

Jina lake kamili ni Steven Charles Kanumba. Alizaliwa tarehe 8 Januari 1984 mkoani Shinyanga, kwenye inchi ya Wasukuma, kusini mwa Ziwa Victoria. Ni eneo la ng'ombe, pamba na almasi. Masomo ya msingi aliyafanyia Shinyanga, akaanza sekondari Mwadui, kando ya mgodi maarufu wa almasi, kisha akahamia Dar es Salaam na kuendelea na masomo huko, akipitia shule ya sekondari ya Jitegemee. Kuigiza alikuanza tangu utotoni, kama ilivyokuwa kwa watoto wengi wa kizazi chake: michezo ya kuigiza ya shule na ya kanisani, ambako hakuna malipo wala kamera.

Ili kuelewa bahati aliyoipata, lazima kukumbuka kwamba Tanzania bara ilichelewa sana kuwa na televisheni. Vituo vya kwanza vilianza mwaka 1994 tu, ITV ikiwa miongoni mwao. Kabla ya hapo maigizo yalikuwa ya redio na ya jukwaani. Vituo vilipofunguliwa vilihitaji vipindi vya Kiswahili, na vikundi vya maigizo vya Dar es Salaam vikapata nafasi. Kimoja cha vikundi hivyo kilikuwa Kaole, na michezo yake kwenye ITV ilikuwa inasubiriwa na familia nzima mbele ya televisheni moja. Kanumba aliingia Kaole mwaka 2002, akiwa na miaka 18. Alionekana katika michezo kama Jahazi na Dira, pamoja na vijana wengine ambao baadaye wangekuwa majina makubwa, akiwemo Vincent Kigosi anayeitwa Ray na Blandina Chagula anayeitwa Johari.

Kaole ilikuwa shule kali. Hakukuwa na chuo cha filamu cha kupitia, na waigizaji walifundishana wenyewe kwa wenyewe. Mchezo mwingi haukuwa na maneno yaliyoandikwa yote. Walipewa kisa, wakaambiwa nani ana hasira na nani anadanganya, kisha mazungumzo wakayatunga papo hapo. Ndiyo maana Kiswahili chao kwenye skrini kilikuwa laini namna ile. Mtu anagombana na mkewe kama watu wanavyogombana kweli. Kipaji cha Kanumba cha kuandika kilianzia pale pia, kwa sababu mwigizaji anayetunga maneno yake kila siku amekwisha kuwa nusu mwandishi.

Katikati ya miaka ya 2000 wafanyabiashara waliona kwamba nyota wa televisheni wanaweza kuuzwa kwenye kaseti na diski. Kwa miaka mingi soko la Dar es Salaam, kama soko la Uvira na la Bujumbura, lilikuwa limejaa filamu za Nigeria, za Kihindi na za kung fu. Watanzania wakajiuliza kwa nini wasitengeneze za kwao kwa mtindo ule ule wa Nigeria: kamera ndogo ya dijitali, nyumba ya kukodi, siku chache za kurekodi, na moja kwa moja sokoni bila kupitia jumba la sinema. Filamu zilizotokea zikaitwa Bongo Movie, kutokana na jina la utani ambalo Watanzania wamelipa jiji lao na inchi yao. Johari, iliyotolewa na kampuni ya Game First Quality ya William Mtitu, ilikuwa kati ya zile zilizoonyesha kwamba biashara hii inawezekana. Kanumba alikuwa ndani yake.

Baada ya hapo hakutulia. Mwaka 2006 ilitoka Dar 2 Lagos, filamu iliyounganisha waigizaji wa Tanzania na wa Nigeria, ikiongozwa na Mnigeria Femi Ogedegbe. Hapo ndipo Kanumba alipojitofautisha na wenzake. Wengi waliiogopa Nigeria kama mshindani, lakini yeye aliiona kama shule, na kama soko. Alifanya kazi na Wanigeria mara kadhaa, na mwaka 2011 alimleta Ramsey Nouah, mmoja wa waigizaji wakubwa wa Lagos, katika filamu Devil Kingdom. Kwa mtazamaji wa Uvira aliyemjua Ramsey kupitia filamu za Nigeria, kumuona amesimama karibu na Kanumba ilikuwa habari ya kusimulia sokoni.

Kazi zake ni nyingi, na si zote nzuri. Aliyezitazama zote atakubali kwamba baadhi zilifanywa haraka, sauti ikipotea wakati gari linapita, na hadithi ikivutwa ili iweze kuuzwa kwa sehemu mbili. Mtindo huo wa sehemu ya kwanza na ya pili uliwakasirisha watazamaji wengi, kwa maana mtu alilipa mara mbili kumaliza kisa kimoja. Ila ukiziweka pamoja unaona mtu ambaye hakutaka kukaa ndani ya vazi moja. Katika Village Pastor na Fake Pastors kisa ni cha wachungaji. Young Billionaire ni hadithi ya kijana mwenye mali. Oprah, ambamo aliigiza pamoja na Ray na Irene Uwoya, ni mapenzi na usaliti, na ndiyo moja ya zile zilizompa umaarufu mkubwa kuliko zote. Katika Devil Kingdom kuna nguvu za giza. Halafu, mtu yule yule aliyezoea kulia kwenye filamu za ndoa anageuka na kufanya vichekesho na watoto.

Hizo za watoto zinastahili kutajwa peke yake. Uncle JJ na This Is It zilimweka Kanumba nyumba moja na watoto wawili wa kuigiza, waliojulikana kwa watazamaji kama Patrick na Jennifer. Katika filamu za Kiswahili za wakati ule, mtoto alikuwa wa kutumwa maji au wa kulia msibani, basi. Hapa watoto walipewa maneno na ujanja, wakapewa na haki ya kumshinda mtu mzima, na Kanumba, nyota mkubwa, alikubali kuchekwa nao. Si kila mwigizaji mwenye jina lake angekubali. Familia ambazo zilikuwa zinafunga mlango wakati wa filamu za mapenzi zilifungua mlango kwa hizi, na watoto wengi wa upande huu wa ziwa walimfahamu kwa njia hiyo kabla ya kuona kazi yake nyingine yoyote.

Pamoja na kuigiza, aliandika visa, aliongoza na alitoa filamu chini ya kampuni yake mwenyewe, Kanumba The Great Film. Hilo neno The Great alilibeba kama jina la pili, na kuna waliomcheka kwa sababu yake. Walimcheka zaidi mwaka 2009, alipoalikwa kutembelea jumba la kipindi cha Big Brother Africa huko Afrika Kusini na Kiingereza chake kikawa gumzo nyumbani. Magazeti na vijiwe vya Dar es Salaam vilimshambulia kwa siku nyingi. Kwa msomaji wa Uvira, ambaye Kiingereza si lugha ya shule yake, kelele zile zinashangaza kidogo: mtu aliyekuwa fundi wa Kiswahili kuliko wengi wao akahukumiwa kwa lugha nyingine. Hata hivyo, majina ya filamu zake aliendelea kuyaandika kwa Kiingereza. Sababu ilikuwa ya kibiashara, alikuwa anaangalia Nigeria na kwingineko, lakini matokeo yake ni kwamba mwenye duka Uvira aliandika jina kwa kalamu juu ya diski jinsi alivyolisikia, na mara nyingi mteja aliomba filamu kwa kueleza kisa, si kwa jina.

Swali ni jinsi Kanumba alivyofika huku. Sehemu ya jibu ni njia ya biashara tu. Bidhaa za Dar es Salaam hufika Kigoma, huvuka ziwa kwa boti hadi bandari ya Kalundu, au hupita Bujumbura na kuingia kwa mpaka wa Gatumba na Kavimvira, mwendo wa chini ya saa moja kwa gari. Pamoja na sabuni, plastiki na vitambaa, ziliingia diski.

Sehemu nyingine ya jibu ni vita. Kuanzia mwaka 1996 maelfu ya wakaaji wa Uvira na Fizi walivuka ziwa wakikimbia, na wengi wao waliishi kwa miaka katika kambi za mkoa wa Kigoma, Nyarugusu na Lugufu zikiwa kubwa kati yao. Watoto walizaliwa huko. Walikulia karibu na redio ya Tanzania, muziki wa Tanzania na Kiswahili cha Tanzania. Kuanzia mwaka 2005 Shirika la Umoja wa Mataifa la Wakimbizi lilianza kuwarudisha kwa boti hadi Baraka, na kwa miaka iliyofuata familia zikaendelea kurudi. Hiyo ndiyo miaka ile ile ambayo Kanumba alikuwa anatoa filamu moja baada ya nyingine. Waliorudi hawakuhitaji kufafanuliwa utani wa Dar es Salaam, na waliowafafanulia wengine walikuwa wao.

Kulikuwa pia na pengo lililosubiri kuzibwa. Michezo ya televisheni ya Kinshasa, ambayo Congo nzima iliipenda, ilikuwa kwa Lingala. Filamu za Nigeria zilikuwa kwa Kiingereza, au zilikuja na sauti ya Kifaransa iliyobandikwa juu. Mama wa Mulongwe au wa Kasenga ambaye hakupata nafasi ya kukaa shuleni alitazama picha na kusubiri mtoto wake amwambie walichosema. Kwa Kanumba hakusubiri mtu. Alimuelewa yeye mwenyewe, alimtukana mwanamke mbaya kwenye skrini, alilia kwa wakati wake. Kiswahili cha Dar es Salaam si cha Uvira, sawa. Huku watu husema batu pale Mtanzania anaposema watu, na feza pale anaposema hela au pesa. Lakini tofauti hiyo ilikuwa ya kufurahisha, si ya kuzuia. Vijana walianza kuiga namna ya kusalimiana ya kule, na mwalimu aliyekuwa anapigana na Kiswahili cha mitaani alijikuta na msaidizi ambaye hakumtarajia.

Walimtazama katika vibanda vya video, kwa malipo ya faranga chache, jenereta ikinguruma nje pale umeme ulipokatika. Walimtazama nyumbani kwa jirani mwenye televisheni. Na hapa ndipo penye uchungu wa habari hii, kwa sababu diski nyingi zilizochezwa katika mitaa hiyo zilikuwa nakala. Moja ilinunuliwa, nyingine zilizidishwa kwenye kompyuta. Kanumba hakupata hata makuta moja kutoka humo.

Wala nyumbani kwake mambo hayakuwa mazuri sana. Katika mfumo wa Tanzania wa miaka hiyo, mtengenezaji wa filamu kwa kawaida alimuuzia msambazaji wa Kariakoo haki zote kwa malipo ya mkupuo. Msambazaji, Steps Entertainment akiwa mkubwa kuliko wote, alichapa nakala na kuziuza kadri alivyoweza. Filamu ikiuzika sana, faida ilikuwa ya msambazaji. Mtengenezaji alirudi kuandika nyingine ili apate kula mwezi unaofuata. Wasambazaji nao walijitetea kwamba wezi wa nakala ndio walioua soko, na hawakuwa waongo kwa hilo. Mfumo huu unaeleza kwa nini filamu zilikuwa nyingi hivyo na kwa nini nyingine zilionekana zimefanywa mbio mbio. Unaeleza pia kwa nini wasanii waliopendwa na mamilioni ya watu waliishi kwa hesabu za kila wiki. Serikali ya Tanzania ilianza kudai stempu za kodi kwenye diski za filamu na muziki mwaka 2013, mwaka mmoja baada ya Kanumba kuzikwa.

Usiku aliofariki ulikuwa wa Ijumaa Kuu. Ndani ya nyumba ya Sinza alikuwepo mwigizaji Elizabeth Michael, anayejulikana kama Lulu, ambaye alikuwa ameanza kuigiza tangu akiwa mtoto mdogo. Kulitokea ugomvi chumbani, Kanumba akaanguka. Mwili ulipelekwa hospitali ya Muhimbili, na uchunguzi wa madaktari ulionyesha mtikisiko wa ubongo. Lulu alikamatwa, akashtakiwa kwanza kwa mauaji, kisha shitaka likapunguzwa kuwa la kuua bila kukusudia, na Januari 2013 akapewa dhamana. Kesi ilichukua miaka. Novemba 2017 Mahakama Kuu, chini ya Jaji Sam Rumanyika, ilimkuta na hatia ya kuua bila kukusudia na kumhukumu kifungo cha miaka miwili. Mwaka uliofuata alitolewa gerezani na kumalizia adhabu kwa kazi za kijamii. Maneno yaliyozungushwa mitaani kuhusu usiku huo, huku na kule, yalikuwa mengi kuliko yaliyothibitishwa mahakamani, na mengi yake hayafai kurudiwa.

Mazishi yalifanyika Jumanne tarehe 10 Aprili 2012. Umati uliojaa viwanja vya Leaders Club, Kinondoni, ulikuwa wa maelfu kwa maelfu. Watu walizimia kwa msongamano na kwa kilio, na ratiba ya kumuaga ikalazimika kukatizwa. Makamu wa Rais Mohamed Gharib Bilal na mke wa rais, Mama Salma Kikwete, walikuwepo. Rais Jakaya Kikwete mwenyewe alikwenda kutoa pole kwa familia. Kanumba alizikwa katika makaburi ya Kinondoni. Hakuwa ameoa, na hakuacha mtoto.

Huku Kivu wiki hizo zilikuwa na habari zake. Mwanzoni mwa Aprili wanajeshi kadhaa walikuwa wameasi jeshi la taifa, uasi ambao mwezi wa Mei ungepewa jina la M23, na wakaaji wa Uvira walikuwa wanaulizana nani amebaki kambini na nani ametoroka. Katikati ya maswali hayo, kifo cha mwigizaji wa inchi nyingine kilivuka ziwa kwa simu na redio na kupata nafasi yake kwenye mazungumzo. Kuna mtu anaweza kuona hilo kuwa jambo dogo la kupoteza muda. Lakini watu waliokwisha zoea kuzika ndugu zao walijua wanachokilia.

Filamu Love and Power, aliyokuwa ameikamilisha, ilitolewa baada ya kifo chake. Mama yake, Flora Mtegoa, baadaye naye aliingia mbele ya kamera na kuigiza. Soko la diski la Tanzania lilishuka haraka katika miaka iliyofuata. Wapo wanaosema ni kwa sababu Kanumba hakuwepo tena, ila ukweli ni kwamba simu na intaneti vilikuwa njiani hata kama angeishi. Wenzake wengine walihamia televisheni za kulipia na tamthilia za vipindi.

Uvira nayo ilibadilika. Kijana anayetaka filamu leo haendi tena na diski mkononi, anapeleka kadi ya simu dukani ijazwe, au anatafuta YouTube pale mtandao unapokubali. Uncle JJ bado ipo humo, imewekwa na watu tofauti tofauti wasio na uhusiano na aliyeitengeneza, picha imefifia, na sehemu ya pili mara nyingi imetenganishwa na ya kwanza.